Nyumba Isiyoitika Hodi

Nikiita, itikieni! Asiyeitika leo atajuta.

Alikuwapo Bwana Makungu, tajiri mwenye jumba la marumaru, marashi na wapiga taarabu wake mwenyewe. Aliona raha ikishirikiwa hupungua utamu, basi akaweka zimwi mlangoni.

"Atakayepiga hodi tatu asiambiwe karibu kutoka ndani, huyo ni wako," akaliambia.

Akaja jirani. "Hodi! Hodi! Hodi!" Makungu akatafuna biriani yake, kimya. Zimwi likamvunja jirani shingo kama bua la mtama.

Akaja kaka yake, tumbo moja. Hodi, hodi, hodi. Makungu kimya. Zimwi likampasua kifua, damu ikaruka hadi dirishani.

Akaja mkewe, katoka matangani kwa huyo shemeji yake. "Mume wangu, ni mimi! Hodi! Hodi! Hodi!" Makungu akaamuru ngoma zikazwe. Mifupa ikalia kaku, kaku. Wapiga taarabu wakatupa ala zao, wakatorokea dirisha la nyuma.

"Sasa raha ni yangu peke yangu!" Makungu akatoka barazani ili watu wamwone. Mtaa mzima ulikuwa umehama. Akasonya, akageuka kurudi ndani. Zimwi likamzibia mlango.

"Piga hodi."

"Hii nyumba yangu, mwanaharamu we!"

"Piga hodi."

Akapiga ya kwanza. Akapiga ya pili. Ya tatu ilimtoka kwa kilio, na ndani hapakuwa na mtu wa kusema karibu. Zimwi likamla kuanzia miguuni.

Haya, wenzangu: hodi! Mbona mko kimya?