Taji la Kvido Holan

Hesabuni nami polepole, wasikilizaji, kwa maana hesabu hii ina jibu moja tu linalotakiwa, na majina matatu.

Katika mji wa Praha, zama ambazo filamu zilikuwa bado hazina sauti, Ludmila alikaa kwenye kishimo chini ya jukwaa, akiwanong'oneza waigizaji maneno waliyoyasahau. Otakar alizungusha kwa mkono mtambo wa kupigia filamu, bila kukosea mzunguko hata mmoja. Hedvika alikuwa na mikono yenye nguvu za kumwinua mgonjwa, naye alikuwa mke wa Kvido Holan, mwigizaji aliyelitumikia jukwaa miaka arobaini.

Uzeeni Kvido alipatwa na kiharusi. Kumbukumbu ikafifia, mikono ikatetemeka, masikio yakawa mazito. Binti yao Zdenka alikuwa ameolewa Chicago, na kwa miaka kumi na mitano hawakuonana.

"Nataka anione nimesimama," Kvido alisema. "Nikiwa mfalme, kama zamani. Si kitandani."

Basi ikapigwa filamu kwa dakika nne.

Ludmila aliketi chini ya mtambo. Mapafu yake yalikuwa mabovu, na daktari alimkataza kupaza sauti. Lakini filamu haisikii. Kwa hiyo yeye, aliyenong'ona miaka thelathini, siku hiyo alitamka kila neno kwa sauti kuu, na Kvido akamfuata. Tangu hapo hajasema tena.

Otakar alizungusha mara tatu kwa sekunde badala ya mbili, ili filamu ikionyeshwa kwa kasi ya kawaida miondoko iwe ya polepole na mtetemo upoe, uonekane kama utulivu wa kifalme. Alitumia mkanda wa studio nusu zaidi ya alioruhusiwa. Alifukuzwa kazi, na hakupata nyingine.

Hedvika alikuwa amevaa nguo za malkia, asimame kando ya mumewe, binti amwone mama pia. Kabla mtambo haujaanza aliona magoti ya Kvido yanalegea. Akaingia nyuma ya joho lake, akapiga magoti, akamshika kiuno dakika zote nne. Katika filamu haonekani hata kidole.

Zdenka aliitazama filamu huko Chicago, akapanda meli. Alipofika alikuta makaburi mawili: la baba, na la mama aliyemtangulia baba kwa wiki tatu.

Kvido aliacha taji la majani alilotunukiwa na wenzake wa jukwaani, pamoja na barua: apewe mmoja tu, aliyemfikisha kwa binti yake, na jina lake liandikwe kwenye utepe wa taji.

Zdenka alimpelekea Ludmila, naye akaandika kwenye kibao kwamba yeye alisema tu, apewe Otakar.

"Mimi nilizungusha mkono tu, mwanangu," Otakar akajibu. "Mpelekee mama yako kaburini; ndiye aliyemshika baba yako nyuma ya joho."

Zdenka aliitazama filamu tena, akimtafuta mama. Aliona mkunjo mmoja wa joho, umetuna pasipo upepo.

Ondoa sauti, mfalme amesahau. Ondoa mizunguko, mfalme ni mgonjwa. Ondoa mikono, yuko sakafuni. Kila ukiondoa mmoja, kinachobaki ni sifuri.

Zdenka ameshika kalamu, na utepe una nafasi ya jina moja. Wewe unayesikiliza, ungemwambia aandike la nani?