Siku Isiyo na Jina

Nitegeeni masikio, tufike Sangeni kabla ugali haujaiva.

Watu wa Sangeni, jamani, walijua kuupanga mwaka! Hawakuhesabu tarehe. Kila siku waliiita kwa jambo jema lililowahi kutokea siku hiyo: Siku ya Mapacha, Siku ya Kisima, Siku Bibi Alipocheza Ngoma. Ukizaliwa Siku ya Kisima, hata mlevi hasahau.

Siku moja tu haikuwa na jina, na siku hiyo ndiyo aliyokuja zimwi. Alibisha hodi akinguruma, “Leo siku gani?” Asipojibiwa, alimeza nyumba na waliomo. Basi kila mwaka watu walijifungia kimya ili adhani hawamo, hakuna jema lililotokea, na siku ikabaki vilevile bila jina.

Mwaka mmoja Mwanasiti, muuza uji, alimwambia mumewe, “Tukijificha hivi, itapata jina lini?” Akafungua mlango, akabandika chungu.

Zimwi akaja. “Leo siku gani?”

Mwanasiti akakoroga uji.

“Leo siku gani?”

Akauonja.

“Leo siku gani?” Kinywa kikapanuka kama pango.

“Leo ni Siku ya Mgeni. Karibu, baba, keti.”

Zimwi akageuka kutazama nyuma yake. “Mgeni yuko wapi?”

“Si wewe?”

Zimwi akafunga kinywa. Akaketi, akapokea kata ya uji kwa mikono miwili.

Tangu hapo huja kila mwaka kunywa uji. Na mwaka aliochelewa, Sangeni nzima ilitoka njiani kumngoja, uji ukipoa, na hakuna aliyekubali kunywa kabla yake.