Vijiti Alivyojivunjia Kichwani Bwana Ragamundi

Paukwa!

Pakawa!

Pakawa na nani?

Pakawa na bwana na kiburi chake!

Hapo kale, katika nchi ya Wafaranki, nchi ya misitu na baridi inayong'ata masikio, paliondokea bwana mmoja mkubwa, Ragamundi. Jina refu, najua. Nimelisoma kwa kidole mara tatu, likanishinda mara mbili. Alikuwa na ardhi, alikuwa na farasi, alikuwa na nyama ya nguruwe imening'inia moshini. Msikunje nyuso jamani, ndiyo mali yao.

Na alikuwa na jamaa. Wee! Wakija asubuhi, wanakula. Wakija jioni, wanakula. Wakija kuzika, wanakula kwanza.

Ragamundi akachoka. Sasa, sheria ya kwao ilisema: anayetaka kuwakana jamaa zake aende barazani, avunje vijiti vibichi juu ya kichwa chake, avitupe huku na huku. Basi, hana ndugu tena. Akishtakiwa, hawamwapii kwamba hana hatia. Akifa, hawamrithi, mali yote kwa mfalme.

Mkewe, Ansegunda, akamwambia, "Bwana we, mkono mmoja hauchinji ng'ombe."

"Mimi ninayo miwili."

Akaenda. Akavunja, kah! kah! kah! Kimoja kikamrukia jichoni. Akarudi nyumbani jicho moja linacheka, jingine linalia.

Haukupita mwezi, kipanga wa kuwindia wa jirani yake, Hagano, akafuata harufu ya nyama, akatua juu ya paa la Ragamundi. Hagano akapiga kelele, "Mwizi!"

Kesi ikafika kwa liwali wa mfalme, naye akaamua: "Ragamundi, lete jamaa zako waape madhabahuni kwamba hukuiba. Usipowaleta, utakuwa mtumwa wa Hagano."

Jasho! Mbio kwa kaka yake, Vulfardi. "Kaka, niapie!"

"Karibu, mgeni. Unatoka nchi gani?"

Mbio kwa mjomba wake, Teudoni. "Mjomba, niapie!"

"Huyu mgeni ana jicho jekundu. Mpeni maji aende zake."

Mbio kwa shangazi. Shangazi akamfungulia mbwa.

Akarudi amenyong'onyea. "Mke wangu, mimi mjinga."

"Hiyo si habari. Lala kwenye mkokoteni, fumba macho, na leo, kwa mara ya kwanza tangu unioe, nyamaza."

Siku ya hukumu Ansegunda akaingia uwanja wa kanisa, penye madhabahu ya kuapia, na mkokoteni, mumewe kafunikwa shuka gubigubi. "Uwii! Bwana wangu! Nyumba yangu! Nyama yangu!"

Liwali akavua kofia. "Maskini. Na hana jamaa. Basi, mali yote kwa mfalme."

Ninyi! Mngeona watu walivyoruka!

"Nani kasema hana jamaa? Tumenyonya ziwa moja!"

"Mpwa wangu huyo!"

"Nimembeba mgongoni mimi!"

"Na vile vijiti?" liwali akauliza.

"Kuni tu zile, mheshimiwa!"

Wakaweka mikono madhabahuni, wakaapa mbele ya watu wote: ni damu yao, tangu azaliwe hadi kiyama.

Chini ya shuka, chafya. Ragamundi akaketi. "Ahsanteni, ndugu zangu. Mikono ibaki hapo hapo. Bado habari ya kipanga."

Jamaa wakatazama mikono yao. Kurudi nyuma ni kuapa uongo, na mwapa uongo hukatwa mkono. Vulfardi akashusha pumzi. "Naapa. Huyu kuku wake mwenyewe humshinda kukamata, sembuse kipanga."

"Naapa," akasema mjomba. "Wizi unataka akili."

"Naapa," akasema shangazi. "Mbwa wangu alimkimbiza, akapotea njia ya kwao."

Uwanja mzima ukaangua kicheko. Liwali akauliza, "Ragamundi, ni kweli hayo?"

Ragamundi akameza mate, na kiburi nacho akakimeza. "Kweli tupu, mheshimiwa. Tena wamenipunguzia."

Akaachiwa huru. Jioni nyumba ikajaa jamaa. Wakala, wakala, wakala. Na tangu siku ile hakuna aliyemwita Ragamundi tena.

"Marehemu, pitisha chumvi!"

"Marehemu, hapo penye mafuta, kata!"

Naye Marehemu anakata.

Hadithi yangu imefika kizingitini. Ikiwapendeza, gawaneni kindugu. Ikiwachosha, mlaumuni aliyenifundisha kusoma.