Tangi Kubwa na Kioo Kidogo

Mtu mmoja wa Njombe, Onesmo Mligo, alikuwa na binti mmoja tu, Evodia, na binti huyo alikuwa na mimba yake ya kwanza. Kwa desturi ya kwao angerudi kujifungulia kwa mama yake, akandwe kwa maji ya moto asubuhi na jioni mpaka mwili urudi. Na Njombe mnaijua. Baridi ya mwezi wa saba haina adabu, inamfuata mtu hadi chini ya blanketi. Onesmo akasema mwanawe hatakandwa kwa maji ya kuni na moshi. Atafunga sola ya maji moto.

Fundi alikuja, akauliza nyumbani wanaoga wangapi. Wachache: Onesmo, mkewe Sekunda, na mzazi atakapofika. Fundi akataja tangi dogo, na kioo cha kulala juu ya bati ili kishike jua na kuyapasha maji. Hapo Onesmo akaanza kusumbuka. Je, wakwe wakija kumwona mtoto? Akaongeza tangi. Na ndugu wa Makambako, waje wajione wamesahauliwa? Akaongeza tena. Na jumuiya, na wanakwaya? Tangi dogo aliliona kama mlango uliofungwa usoni pa watu. Mwishowe akachagua tangi la kutosha shule ya bweni. Fundi akamwambia, basi na vioo viongezwe. Onesmo akacheka. Jua si linawaka Njombe nzima? Litashindwaje na tangi moja? Kioo kikabaki kile kile cha kwanza, na fundi akafunga alichoambiwa afunge.

Ndugu zangu, tangi lilionekana tangu barabarani. Watu walisimama kulitazama, na kila aliyesimama Onesmo alimkaribisha aje aoge siku yoyote. Jikoni akapiga marufuku: kuni zisiwashwe tena kwa maji ya kuoga, asije akachekwa.

Evodia akajifungua salama. Wageni wakaja, wengi kama alivyowatarajia. Maji yakatoka, kila mtu akapata, na yote yalikuwa vuguvugu. Wageni wakashukuru kwa adabu huku wakikimbilia makoti yao. Onesmo akachanganyikiwa. Jua lilikuwepo, alilihisi kisogoni. Maji yalikuwepo, tena tele. Alipanda kwenye bati akafuta kioo kwa shati lake, akashuka, akashika bomba, akapanda tena. Alilaumu mawingu. Alimlaumu fundi. Akamlaumu mkwe wake kwa kukaa sana bafuni, kisha akaona haya kumlaumu mgeni. Alikuwa ametoa kwa moyo wake wote, sasa kosa lilikuwa wapi? Akafika mahali pa kufikiri kwamba labda tangi bado ni dogo. Binadamu sisi!

Asubuhi moja Sekunda alimkalisha bintiye kigodani, akachovya kitambaa kwenye ndoo, akaanza kumkanda. Onesmo alikuwa nje ya ukuta, mkono juu ya bomba, akijaribu kujua kama leo limepata moto kuliko jana. Akasikia meno ya mwanawe yakigongana. Roho ikamuuma. Evodia alijua baba yake yuko pale, akasema polepole, kwa sauti ya mtu aliyechoka:

"Baba, mimi nilihitaji ndoo moja tu, lakini iwe ya moto."

Onesmo akaliachia bomba. Sekunda akatoka, akampita bila kumtazama, akaenda jikoni kuwasha kuni. Moshi ukapanda, na watu wa barabarani wakauona. Hakumzuia. Alibaki amesimama uani, akitazama tangi, akitazama jua, na bado hakujua kilichopungua ni jua au ni upendo wake, kwa maana vyote viwili aliamini anavyo vingi. Maji yakachemka. Ndoo ikapitishwa mbele yake ikifuka mvuke, ikaingizwa ndani kwa mwanawe.

Wewe unayepanua tangi lako ili umtoshe kila apitaye njiani, na kioo hutaki kukiongeza, ni nani nyumbani mwako anayetetemeka leo?