Kwa Nini Ngwini Hupokezana Joto

Barafu ya kusini ilipokuwa bado changa, ngwini, ndege wale wasioruka, hawakujua kuinamisha vichwa. Walitembea midomo juu, vifua vyeupe mbele, na kila mmoja alikuwa na mahali pake ambapo mwenzake hakupakanyaga. Mkiwaona leo wamebanana katika dhoruba, vichwa chini, wakisogea polepole kama uji unaoanza kuchemka, msidhani waliumbwa hivyo. Walifundishwa na aibu.

Nchi yao iko mwisho wa dunia. Hakuna mti huko wala nyasi. Kilichoota ni utando mkavu kama kutu, umeshikilia miamba michache iliyochomoza juu ya theluji. Jua likizama mwanzoni mwa majira ya baridi, halirudi mpaka limesahaulika. Hakuna hata kijiti cha kujengea kiota. Kwa hiyo ngwini wa kike akitaga, hutaga yai moja tu, humkabidhi mumewe, naye hushika njia kwenda baharini kutafuta samaki. Mume hulipandisha yai juu ya miguu yake, akalifunika kwa mkunjo wa ngozi ya tumbo. Hapo hubaki amesimama bila kula mpaka mkewe arudi. Yai likigusa barafu kwa muda wa kupepesa jicho, basi.

Siku hizo za mwanzo wanaume walikuwa na sheria. Baridi ilipokaza walijikusanya pamoja, na mkuu wao, Mzee Machano, alisimama ukingoni akimuuliza kila anayefika, "Umebeba?" Aliyejibu "Nimebeba" aliingia ndani, na aliyewahi kuingia alikaa hapohapo hadi mwisho wa majira. Asiye na yai alibaki nje kuwakinga wenzake na upepo. Hakuna aliyeona kosa katika sheria hiyo, hasa waliokuwa ndani.

Kulikuwa na ngwini mmoja aliyeitwa Mshamu. Alikuwa na sauti nzuri na mzaha mwingi, na wenzake walipenda kutembea karibu naye. Mkewe, Siwatu, alimkabidhi yai lao taratibu, akalitazama mpaka likafunikwa, akasema, "Mume wangu, ulimi wako mrefu. Miguu yako iwe mifupi." Mshamu alicheka. Siwatu akaenda zake baharini pamoja na wanawake wengine.

Jirani yao aliitwa Ngwali, naye alikuwa mzito wa mwendo. Alipobeba yai alitembea kwa visigino, hatua ndogo ndogo, macho chini, akisimama kila mara kuhakikisha. Siku wanaume walipoanza safari ya kwenda mahali pa kujikusanya, Ngwali aliachwa nyuma, na Mshamu alikaa nyuma naye kwa ajili ya kuwachekesha waliotangulia.

"Ngwali," aliita kwa sauti, "hilo yai umelibeba au limekubeba?"

Wenzake mbele wakaangua kicheko.

"Twende polepole tu, ndugu yangu," Ngwali alijibu bila kuinua macho.

"Polepole! Ukifika, yai litakuwa limeshakuwa babu!" Mshamu akaanza kumuigiza. Alibinua kiuno, akatikisa mabawa, akasogea kwa visigino hivi na hivi. Wenzake walicheka mpaka wakachoka, wakageuka na kuendelea na safari yao.

Mshamu alipiga hatua moja ya ziada ya kujifurahisha. Ndipo alipohisi miguu yake imekuwa miepesi.

Yai lilikuwa limebingirika nyuma yake. Alipoligeukia lilikuwa limeshapasuka, na kilichokuwamo kimeshaganda. Alilitazama. Akatazama mbele, akaona migongo. Kisha akainama, akafukia maganda kwa theluji, akaokota bonge la barafu lenye ukubwa uleule, akalipandisha juu ya miguu na kulifunika kwa ngozi ya tumbo. Baridi ya bonge lile ilimpanda hadi kifuani. Ngwali alikuwa bado anakuja nyuma, macho chini kama kawaida yake, na Mshamu hakujua kama aliona au hakuona.

"Umebeba?" Mzee Machano alimuuliza ukingoni.

"Nimebeba."

"Pita, mwanangu. Nafasi ya mwisho hiyo."

Mshamu akapita. Ngwali alipofika, kulikuwa kumejaa. "Umechelewa, bwana," Mzee Machano alimwambia kwa huruma. "Simama hapa pembeni. Geuza mgongo kwenye upepo." Ngwali akageuza mgongo.

Kule ndani kulikuwa na joto la kutosha kumfanya ngwini asinzie, lakini Mshamu hakusinzia. Barafu iliyeyuka juu ya miguu yake, na maji yakaganda katikati ya vidole na kumchubua. Kila bonge lilipokwisha ilimbidi ainame haraka na kuokota jingine. Jirani zake walipowasemesha watoto wao waliokuwa bado ndani ya maganda, naye aliinama akalisemesha bonge lake, ili asionekane baba mkavu. Jambo hilo lilimuumiza kuliko vidonda vya miguu.

Kisha ikaja dhoruba. Upepo uliparua theluji na kuirusha kama mchanga, na walio pembeni wakawa weupe mgongo mzima. Ngwali alijibana hadi akawa karibu na Mshamu, akanyoosha shingo juu ya bega la mwenzao aliyekuwa kati yao.

"Mshamu, ndugu yangu. Nipishe kidogo tu. Yai langu linapoa."

Walio karibu wote walisikia. Mshamu aliona macho ya jirani zake yakimgeukia, akaona vilevile swali litakalofuata akitoka: baba gani huyu anayepeleka yai lake kwenye upepo? 

"Na langu je?" akasema.

Ngwali alimtazama usoni. "Kweli," akajibu. "Na lako." Akarudi nje.

Dhoruba ilipotulia, Ngwali alifunua ngozi ya tumbo, akaweka yai lake lililoganda juu ya theluji, akakaa akiliangalia. 

Siku zikapita, mwanga hafifu ukaanza kurudi upande wa bahari, na mayai ya wengine yakaanguliwa. Wanawake walirudi wakiwa wamenenepa, matumboni wamebeba samaki wa kuwacheulia watoto. Kila mmoja aliimba ili mumewe amtambue kwa sauti.

Wa kwanza kufika upande ule alikuwa Mize, mke wa Ngwali. Aliimba, Ngwali akamwitikia. Mize akainama kutazama miguu ya mumewe, akainuka, akainama tena.

"Sasa nimemletea nani chakula?" aliuliza.

Ngwali alisema, "Upepo ulinishinda, mke wangu. Nisamehe."

Mshamu aliyasikia hayo akiwa karibu kiasi cha kuwagusa. Kabla hajapata pa kwenda, Siwatu akamfikia.

"Mume wangu, umekonda kama mwiba wa samaki! Haya, nionyeshe mwanangu." Mshamu alirudi nyuma. Siwatu akacheka. "Unamficha mtoto kwa mama yake? Au kakurithi ulimi, unaogopa atanisimanga?"

Mshamu alifunua. Bonge la barafu lilianguka kati yao likavunjika vipande viwili.

Siwatu hakupiga kelele. "Hili ndilo ulilolilea?" akauliza kwa sauti ndogo, na hakuna aliyekuwa karibu asiyesikia. Watoto tu ndio walioendelea kulia njaa.

"Letu lilivunjika njiani, kwa mzaha wangu," Mshamu alisema. Angeweza kukomea hapo, wakamwonea huruma. Akaendelea: "Lakini si hilo tu. Mahali nilipokuwa nimesimama palikuwa pa Ngwali. Aliniomba. Yeye alikuwa na yai, mimi nilikuwa na barafu, nikamnyima."

Mzee Machano alimgeukia Ngwali. "Ulijua?"

"Niliona alipoinama kuokota."

"Ukanyamaza? Kwa nini hukutuambia tumtoe?"

"Mngemtoa mkamweka kwenye upepo," Ngwali alisema. "Ameshampoteza mtoto, halafu nimwongezee na upepo? Nilidhani nikimwomba, atatoka mwenyewe." Akawageukia wengine. "Na nilidhani, yeye asipotoka, mwingine atatoka. Sikusema kwa kunong'ona, Mzee. Mlikuwapo wengi."

 Kila mmoja alikumbuka sauti ile ndani ya dhoruba, na jinsi alivyojifanya amesinzia. Kila mmoja alikuwa na yai la kweli, na kila mmoja angeweza kusogea hatua moja. Mzee Machano, aliyekuwa na desturi ya kuuliza, hakupata swali. Aliinamisha kichwa akatazama miguu yake mwenyewe. Wengine nao wakainamisha, mmoja mmoja, hadi pakawa hapana mdomo ulioelekea juu. Siwatu alimsogelea Mize, wakagawana kulisha watoto ambao mama zao walikuwa hawajarudi.

Majira mengine ya baridi yalipokuja, wanaume walijikusanya tena. Mzee Machano hakusimama ukingoni, na hakuna aliyeulizwa alichobeba. Dhoruba ilipoanza, Mshamu alikuwa amesimama pembeni kabisa, mgongo kwenye upepo. Muda si mrefu akahisi kundi linajongea, akasukumwa ndani kidogo kidogo mpaka akawa katikati, na yule aliyekuwa katikati akapita kando yake kwenda nje.

Na tangu majira hayo hadi leo, ngwini wakikutana na wenzi wao huinamiana kwanza kabla ya kufanya lolote. Aliyepoteza yai huonekana pengine amebeba bonge la barafu juu ya miguu yake, na hakuna anayemcheka. Zamu yake ikifika huingia kwenye joto kama wengine. Nao wakibanana katika dhoruba, vichwa chini, kundi zima husogea bila kusimama, wa nje wakiingia na wa ndani wakitoka, kwa kuwa aliyekwisha kupata joto hangoji kuombwa.