Gari Dogo, Rimu za Kumi na Sita

Wapendwa, kabla hatujaendelea na somo letu, nataka niwapandishe mlima kidogo. Mwenye gari atanielewa haraka. Asiye na gari atanielewa zaidi, maana yeye ndiye anayejua kiti cha nyuma kikoje.

Kulikuwa na dada mmoja mshonaji, alikuwa na gari dogo. Nikisema dogo, mnielewe: mtu mrefu akiingia, magoti yanasalimiana na kidevu. Na magurudumu yake yalikuwa madogo vilevile, rimu ya inchi kumi na tatu, ndiyo saizi aliyoichagua yule aliyelitengeneza. Dada huyu alilipata gari lile kwa jasho la cherehani, tena jasho la haki, na mimi siwezi kumcheka mtu kwa kitu alichokipata kwa jasho la haki.

Sasa, mama yake mzazi alikuwa amelazwa hospitali ya mjini tangu mvua za vuli. Alivunjika nyonga. Madaktari wakamtengeneza, akakaa, akachoka kukaa, mwisho wakamruhusu. Mama yule alikuwa na ombi moja tu: alale kwake. Si kwa binti yake mjini, si kwa ndugu, kwake. Na kwake ni juu kabisa mlimani, kule ambako ukungu unaingia ndani bila hodi, na barabara ni ya mawe na kona.

Ndugu wakakaa kikao. Wakasema, "Tukodi gari kubwa, mgonjwa alazwe vizuri." Dada akasimama. Alikuwa mtu wa nia, jamani, akisema amesema. Akawaambia, "Mama yangu hapandi mlima kwa gari la kukodi na mimi nina gari. Mimi ndiye nitakayempeleka, na nitamfikisha mpaka mlangoni." Ungewaona, hakuna aliyethubutu kukohoa.

Nia ilikuwa njema au mbaya? Semeni. Ilikuwa njema! Nani hapa asingependa kuwa na binti wa namna hiyo?

Lakini dada alikuwa na tatizo. Krismasi iliyopita alipanda na kagari kake, tumbo la gari likagonga mawe njia nzima, na alipofika, shangazi yake akamuuliza mbele ya watu kama kitu kile kinatumia mafuta au kinalishwa pumba. Watu walicheka mpaka wakashika mbavu. Yeye pia alicheka, lakini meno tu. Kwa hiyo, alipoamua kubadilisha magurudumu, alikuwa na sababu mbili. Ya kwanza aliitangaza: "Nataka gari liinuke, mama asitikiswe na mawe." Ya pili hakuitangaza, na mimi na ninyi tunaijua.

Akaenda kwa muuza tairi. Yule bwana alikuwa amezipanga rimu barazani, zinang'aa, unaweza kujitazama na kuchana nywele. Dada akanyoosha kidole kwenye rimu za kumi na sita, zenye matairi mapana.

"Hizi zinaingia kwenye gari langu?"

"Zinaingia, sista. Kwa nini zisiingie?"

"Mlangoni pake pameandikwa kumi na tatu."

"Hayo ni maandishi. Ngoja nikufungie uone mwenyewe."

Akapiga jeki, akafunga. Kweli, zikaingia. Gari likasimama juu kama jogoo aliyepanda ukuta. Muuza tairi akamwambia azungushe usukani. Akazungusha mpaka mwisho, na tairi la mbele likagusa madigadi, krrr, kidogo tu.

"Hiyo sauti?"

"Ukikunja sana yatagusa. Wewe usikunje sana."

"Huko kwetu kuna kona."

"Basi zikunje taratibu."

Mmesikia ushauri huo? Sikio la kufa halisikii dawa, lakini sumu linaisikia hata ikinong'onwa. Dada akaondoka. Rimu zake ndogo akamwachia muuza tairi papo hapo, hakutaka hata kuzitazama tena.

Siku iliyofuata akalijaribu. Alilijaribu wapi? Kwenye lami. Akiwa na nani? Peke yake! Barabara imenyooka kama rula, kiti cha nyuma hakina hata mkoba. Gari likateleza, halina kelele, halina mtikisiko. Watu wa kituo cha mafuta wakageuza shingo. Dada akasema moyoni, "Nimepatia." Na kwa kweli, kwa safari ile ya peke yake kwenye njia iliyonyooka, alikuwa amepatia. Ndugu zangu, kuna mtu hapa ambaye si mvumilivu akiwa peke yake chumbani? Kuna mume ambaye hampendi mkewe wakiwa kwenye picha ya arusi tu? Tunajijaribu tukiwa hatujabeba mtu, halafu tunajipa maksi.

Siku ya safari ikafika. Mama akawekwa kiti cha nyuma, mguu umenyooshwa. Pembeni yake, amejibana mlangoni, mama mdogo, ndiye aliyemuuguza hospitalini na ndiye aliyejua dawa zote na saa zake. Mbele akakaa mjomba, na mjomba huyu Mungu alikuwa amemjalia mwili. Nyuma kabisa gunia la mchele, ndoo, na godoro limekunjwa. Gari likakaa chini. Yule jogoo akashuka ukutani.

Bondeni walikwenda vizuri. Mama alikuwa anaimba polepole, anaitazama milima yake. Kisha ikaja kona ya kwanza.

Krrrrr!

"Nini hicho, mpwa wangu?" mjomba akauliza.

"Mawe tu, mjomba."

Kona ya pili, krrrrr, na safari hii harufu ya mpira unaoungua ikaingia ndani. Dada akasimama, akashuka, akainama. Tairi la nyuma lilikuwa linasuguliwa na ukingo wa bodi, limeshaanza kumenyeka kama muhogo. Gari likiwa na watu, springi zinashuka, bodi inalalia tairi. Akaelewa? Aliona, lakini hakukubali kuelewa. Alikuwa ameapa kufika. Akafungua nyuma, akatoa gunia la mchele, akaliacha kwenye nyumba iliyo jirani na barabara. "Tutalifuata kesho," akasema.

Wakapanda. Likasugua tena. Na injini nayo, ndogo vile, kuzungusha magurudumu makubwa vile mlimani, ilikuwa ni kumpa mtoto mchi wa bibi atwange.

"Mjomba, samahani sana. Ungetembea kona hii tu."

Mjomba akashuka, akavuta suruali juu, akatembea. Kona ile ikapita, ikaja nyingine. Wapendwa, mlima hauna kona moja. Mjomba akabaki nyuma, anahema, anapunga mkono waende.

Likasugua tena.

"Mama mdogo, nakuomba na wewe. Kona hii tu."

"Na dawa zake?"

"Shuka nazo, mama mdogo, zisije zikamwagika. Utatukuta hapo mbele."

Mama mdogo akamtazama mgonjwa, mgonjwa akamwambia, "Shuka, mdogo wangu, mtoto asije akaharibu tairi zake." Akashuka na mfuko wa dawa.

Sasa wamebaki wawili. Lakini mama alikuwa ameegemea upande mmoja kwa ajili ya nyonga, na upande uleule ndio wenye tairi lililomenyeka. Kona iliyofuata ilikuwa kali, na tairi likalia kilio ambacho dada alikisikia mpaka kwenye fizi. Akasimamisha gari. Alikuwa na hasira, jasho linamtoka kwenye baridi, midomo imekaza. Hakuwa amekata tamaa hata kidogo. Huyo ndiye aliyeapa kufika, na gari lake lingefika.

"Mama."

"Naam, mwanangu."

"Nikikukalisha hapa kwenye ukingo, nikatandika kanga, utaweza kukaa kidogo? Nilivushe gari kona hii tu, nirudi nikuchukue."

Mama akautazama ukingo. Kisha akasema, "Kama ndivyo litakavyopita, nikalishe."

Akamshusha. Mama akauma kanga kwa maumivu, hakulia. Akamkalisha kwenye ukingo wa barabara, akamfunika mabega, akarudi kwenye gari akawasha.

Na gari, wapendwa, likapanda! Halikusugua, halikunuka, halikulia. Bodi imeinuka, matairi yanazunguka bila kuguswa, mawe yanapita chini huko hayagusi tumbo. Dada akapiga usukani kwa furaha. "Limekubali! Limekubali!" Akavuka kona, akataka kugeuza. Barabara nyembamba, huku ukuta wa mlima, huku bonde. Ili ugeuze pale lazima ukunje usukani mpaka mwisho, na matairi yale hayakunjiki mpaka mwisho. Akasema nitageuzia mbele. Mbele napo vilevile. Mahali pekee palipokuwa na nafasi ya kutosha palikuwa uwanja wa nyumbani kwao.

Na uwanjani watu walikuwa wamejaa. Walipoliona gari linachomoza kwenye ukungu, limeinuka, linang'aa, wanawake wakapiga vigelegele. Ngoma ikalia. Shangazi yule wa pumba akaja mbio kuliko wote, akasema, "Mwanetu, leo umetunyamazisha!" Kisha akafungua mlango wa nyuma ampokee mgonjwa.

Vigelegele vikakatika.

"Mgonjwa yuko wapi?"

"Yuko njiani, shangazi."

"Njiani na nani?"

Dada alisimama pale katikati ya ndugu zake, ameshika ufunguo, na kwa mara ya kwanza akaliona gari lake kama wao walivyokuwa wanaliona. Lilikuwa limefika. Ndani hamna mtu.

Mnataka kujua mama alifikaje? Vijana walibeba kitanda, wakashuka nacho, wakamlaza, wakampandisha mabegani. Dada alishika mguu mmoja wa kitanda, viatu vyake vya mjini vikakatika, akatembea pekupeku kwenye mawe yale aliyokuwa anayaogopa, analia waziwazi, na hakuna aliyemwambia anyamaze. Kesho yake aliteremka peke yake mpaka kwa muuza tairi akazidai rimu zake za kumi na tatu. Tangu siku hiyo gari linagonga mawe, na watu wote wamo.

Sasa ninyi mmekaa mnangoja niseme mtengenezaji ni Mungu, yale maandishi ya mlangoni ni Biblia, amina, twende tukale. Hapana. Hilo mnalijua tangu Sunday school, na kulijua hakujatuzuia. Leo nataka tuulizane jambo moja: ni nani tumemshusha?

Maana sisi tunapenda sana kufika. Tunajenga sebule nzuri, na tunamwambia bibi akae jikoni, kwa sababu ya kochi. Kona hii tu. Tunasomesha, tunapanda cheo, na wale tuliosema tunahangaika kwa ajili yao tunawaona mara moja kwa mwaka. Kona hii tu, mwanangu, baba akimaliza hii. Halafu maisha yanakuwa laini, hayana krrr, na tunamshukuru Mungu kwa ulaini ule, kumbe ni laini kwa sababu ni matupu. Kitu chochote ulichokichagua ambacho kinakaa sawa mpaka pale watu watakapoingia, hicho si saizi yako, ndugu yangu, hata kama kinang'aa.

Na msidhani nasema ya majumbani tu. Mwaka huu kanisa hili tulitaka kwaya yenye sare. Wazo jema! Kitambaa kile cha zambarau kinapendeza, wageni wa jimbo wamekisifu. Tukasema asiye na sare asisimame mbele mpaka aipate. Kwa muda tu, tulisema. Tazameni mstari wa nyuma wa kwaya, upande wa kinamama. Msinitazame mimi, tazameni kule. Walikuwa wangapi? Na yule mama wa sauti ya pili, simtaji jina, yule ambaye akiimba hata watoto wanaacha kuchezea mabenchi, mara ya mwisho mmemwona lini humu? Wimbo wa leo ulikuwa safi, haukukwaruza popote. Nimeusikiliza wote, na nimesikia mahali alipokuwa anakaa.

Kwa hiyo nimeamua, na wazee wa kanisa tumeshaongea. Jumapili ijayo kwaya itaimba kwa nguo za nyumbani. Atakayekuja na sare nitampa benchi la mbele, akae asikilize wenzake. Mkinung'unika, nung'unikeni, mimi nimezoea mawe.

Sala ya kufunga hatutaifanyia hapa. Chukueni mabegi yenu, funikeni watoto, kuna baridi nje. Mama yule wa sauti ya pili anakaa nyuma ya kisima cha shule, nyumba yenye mlango wa bati, na hajui kwamba tunakuja.