Wakunga wa Mstafeli

Wapendwa, wenye watoto wapakateni, na nyinyi wa kule pembeni sogeeni kidogo, msije baadaye mkasingizia masikio. Leo nina mwanamke mmoja wa kuwaletea, mwanamke aliyejua kuringa. Tumwite Mama Hoza.

Mama Hoza alikuwa na mstafeli mbele ya nyumba yake, kando ya njia ya kwenda kanisani, na mstafeli ule ulikuwa unazaa, si mchezo. Stafeli lake moja ulilibeba kwa mikono miwili kama kichanga. Kwa miaka kumi na saba, kila Sikukuu ya Mavuno, kapu lake ndilo lililotangulia madhabahuni. Kwaya ikianza wimbo wa matoleo, anainuka kutoka benchi la mbele, kitenge kimepigwa pasi, shingo imesimama, anatembea polepole ili hata waliochelewa wamwone. Mnacheka? Mngekuwa na mti ule na nyinyi mngeringa. Mimi padre wenu ningeringa.

Mwaka mmoja, kwenye kikao cha akina mama, akasimama akatamka: "Mavuno yajayo, kila mtoto wa Shule ya Jumapili atakula kipande cha stafeli langu. Kila mtoto." Wakampigia vigelegele. Watoto walikuwa mia moja na ushee, na neno likishatoka kinywani halirudi.

Basi akaona mti uliobeba ahadi kubwa namna ile haufai kukaa kwenye uchafu. Mastafeli yaliyoanguka yakaoza, ambayo miaka yote aliyaacha palepale chini kwa uvivu tu, safari hii akayaokota yote akaenda kuyazika mbali. Akafagia asubuhi, akafagia jioni, mpaka chini ya mti pakawa sebule. Maua ya kwanza yalipotoka akachungulia ndani, akaona vidudu: vyeusi, vina mgongo mgumu, ukubwa wa punje ya ufuta, vimejazana ndani ya ua kama vimealikwa. Akanunua dawa, akapuliza ua kwa ua.

Vikaja vingine. Akavichunguza vinatoka wapi, akafika mpakani kwa jirani yake.

Huyo jirani alikuwa mwanamke anayepika pombe ya miwa. Kanisani alikuja, tena kila Jumapili, ila alikaa benchi la mwisho karibu na mlango, maana nguo zake zilinukia kazi yake na watu walikuwa wanasogea. Pale mpakani alikuwa na lundo la makapi ya miwa, limechacha, linafuka joto, na vidudu vinazaliana humo.

"Jirani," Mama Hoza akamwambia, "lundo lako linanichafulia mti. Ule ni mti wa madhabahuni."

"Samahani, dada yangu. Niliondoe lini?"

"Leo."

Jirani akaliondoa siku hiyohiyo, karai kwa karai, akalihamishia nyuma ya jiko lake. Hakununa, hakujibu vibaya. Mama Hoza akarudi ndani ameridhika, moyoni anasema sasa hata Mungu akipita ataona mahali pa kusimama.

Haya. Mwezi wa pili mstafeli ukatoa maua kuliko mwaka wowote. Mwezi wa tatu yakaanza kudondoka. Yanadondoka mazima, yamenyauka, na nyuma yake hakuna hata kistafeli cha ukubwa wa kidole. Mama Hoza akafagia maua. Akafunga siku tatu akiomba. Maua yakaendelea kudondoka. Mwisho mawazo yakamwendea pabaya: hiki ni kijicho, yule mpika pombe amekwenda kwa mganga kwa ajili ya makapi yake. Mtu wa benchi la mbele, ndugu zangu, ndiye anayewaza hayo.

Lakini alikuwa mwanamke mwenye akili. Kabla ya kwenda kugombana akamwita bwana shamba. Bwana shamba akachuma ua moja, akalipasua kwa ukucha, akatazama ndani.

"Mama, wenyewe wako wapi?"

"Wenyewe nani?"

"Vile vidudu vyeusi."

"Nimeviua vyote," Mama Hoza akasema, kifua mbele. "Hutakiona hata kimoja."

Bwana shamba akamwambia taratibu, kama unavyompa mtu habari ya msiba. "Ua la mstafeli halina shughuli na nyuki, mama. Ni nene, halifunguki sana, na harufu yake ni ya tunda lililochacha. Lina jamaa yake kwenye bustani ya misheni kule mlimani, ule mti wa manyolia wenye maua makubwa meupe. Na huo unategemea vidudu vya mgongo mgumu vilevile. Ua hili linaanza likiwa jike, baadaye linakuwa dume, kwa hiyo peke yake haliwezi. Kidudu ndicho kinachoingia, kinajipaka unga, kinaupeleka kwenye ua jingine. Na kidudu chenyewe kinazaliwa kwenye uozo: stafeli bovu, makapi ya miwa. Wewe umewafukuza wakunga, halafu unashangaa mtoto hazaliwi."

Mama Hoza akakaa chini palepale alipokuwa amepafagia, kitenge na vyote. Hakuwaza mti. Aliwaza watoto mia na ushee, na ule mdomo wake. Aliona aibu, na aibu ile alikuwa hajawahi kuionja.

Sikukuu ya Mavuno ikafika. Alitamani kujifanya mgonjwa, lakini hakuzoea kujificha. Akaenda, akakaa benchi lake la mbele, mikono mitupu. Watoto wamepangwa kwenye mikeka, wote wanamtazama yeye. Kwaya ikaanza wimbo wa matoleo, ikaumaliza ubeti wa kwanza, na hakuna aliyetangulia.

Ndipo akaingia jirani, beseni kubwa kichwani, na ndani yake mastafeli sita, kila moja kama mtungi. Kumbe nyuma ya jiko lake kulikuwa na mstafeli uliojiotea, haujawahi kuona ufagio. Lundo lilipohamia pale, wakunga nao walihamia.

Mama Hoza akajua sasa ameumbuka, huyu amekuja kumlipizia mbele za watu. Ningekuwa mimi ningefikiri hivyohivyo. Jirani akafika kwenye benchi, akainama kidogo, beseni limetulia kichwani.

"Dada, vidudu vyako vilihamia kwangu, sikuviita. Haya ni ya ahadi yako. Tangulia, mie niko nyuma yako."

Mama Hoza akainuka, akanyoosha kitenge. Hakunong'ona. "Tangulia wewe," akasema, mpaka wa dirishani wakasikia. "Leo mimi ndiye wa nyuma." Akamfuata. Na ule mwendo wake wa maringo haukupungua hata hatua moja. Waliokuwepo walisema katika miaka yote kumi na saba hakuwahi kuringa vile. Kila mtoto alikula, na wengine wakarudia.

Sasa tuje kwetu sisi. Alhamisi, kamati yetu ya mapokezi ya Baba Askofu ilinikabidhi karatasi. Ni kamati hodari, naisifu. Ukuta umepakwa rangi, mtaro umezibuliwa. Juu ya karatasi wameandika: "Watakaokaa nje, chini ya turubai." Chini yake majina. Yupo mama wa dagaa, kwa sababu ya harufu. Wapo vijana wa gereji, kwa sababu ya nguo. Yupo baba yetu mwenye kidonda mguuni. Nawauliza, kengele ya alfajiri inayowaamsha nyinyi kuja kusali, nani anapanda ngazi kuipiga? Anapanda na mguu uleule. Mwezi jana tulipozika na mvua inanyesha, nani alikuwa ndani ya kaburi na jembe? Na yule mgonjwa wa bondeni, tuliyemwombea humu kwa maneno matamu, nani alikwenda kumwogesha?

Sisemi tusiringe. Mwaka huu tumebatiza watu arobaini, na mimi naringa nao mchana kweupe. Lakini hao arobaini, nendeni mkawaulize ni nani aliyewashika mkono akawaleta mlangoni. Mimi nimewauliza. Wengi wamenitajia majina ya kwenye hii karatasi.

Kwa hiyo jina sijafuta hata moja. Nimefuta kichwa tu, nikaandika kingine: "Watakaompokea mgeni mlangoni." Jumapili, saa tatu, na nguo zao za kila siku. Baba Askofu akiuliza hawa ni akina nani, nitamjibu bila kutafuna maneno: Baba, kanisa ndilo hili.